Aliyeloweka Jiwe

Dada yangu wa tumbo moja,

Pokea salamu zangu pamoja na za cherehani yangu, maana ndiyo mwenzangu pekee niliyebaki naye humu ndani. Goti lako linasemaje siku hizi? Na shemeji, bado anakohoa kila asubuhi huku akibisha kwamba hakohoi? Mwambie lile koti zito sikumshonea alitundike ukutani kama picha. Wanao nao natumaini hawajambo wote. Mimi ni mzima wa mwili, namshukuru Mungu. Ya moyoni ndiyo haya ninayokuandikia.

Barua yako niliipata Ijumaa. Umeniuliza huyu binti yangu, mwanao, ana nini, mbona hii ni wiki ya tatu yuko kwako, anadonoa chakula kama ndege, anaosha sahani zilizokwisha oshwa, na akiulizwa habari za kazi anasema yuko likizo. Umelalamika pia kwamba nikipiga simu nazungumzia mvua tu. Dada yangu, simu yako unaifungulia sauti mpaka majirani wanaitikia salamu, na huyo mtoto huwa ubavuni mwako. Ningesema nini? Ndiyo maana leo nimefunga duka mchana kweupe, nimewaambia wateja fundi anaumwa, nikakaa na kalamu. Soma mpaka mwisho kabla hujasema neno. Nakujua, wewe hujibu barua ukiwa bado kwenye ukurasa wa kwanza.

Hayuko likizo. Ameibiwa. Na hakuibiwa na kibaka wa stendi, ameibiwa na mtu mzima, mwenye tai shingoni na shahada tatu ukutani.

Nianze na kazi yenyewe, maana najua umekuwa ukiwaambia watu mwanao anatengeneza simu. Hatengenezi simu! Mwanao ni mkata jiwe la ukungu. Jina lake la kitaalamu ni refu kama treni, sijawahi kulifikisha mwisho, lakini wafanyakazi wenyewe wanaliita hivyo kwa sababu ukilishika kwenye mwanga unaona ndani kama ukungu wa alfajiri ulioganda. Ni jiwe la ukubwa wa ngumi. Linatoka mgodi mmoja tu, na kiwanda kizima kikibahatika hupata matatu kwa mwezi. Linakatwa kwa msumeno wa waya mwembamba kuliko unywele, vipande kumi, kila kimoja kama ukucha wa kidole gumba. Kipande kimoja kinatiwa kwenye moyo wa kompyuta, na kompyuta hiyo inapiga kwa dakika moja hesabu ambazo hizi za kawaida zingezipiga mpaka wajukuu zako wazeeke. Mimi mwenyewe nimeliona, mwanao alinipitisha siku ya wazazi. Nilikuwa mzazi pekee aliyeuliza maswali.

Sasa jiwe hilo lina kiburi. Katika kila vipande kumi, saba vilikuwa vinapasuka. Wakubwa wakaagiza mashine ya miale kutoka ng'ambo, ikaja na wataalamu wake wanne, wakakaa miezi miwili, wakaondoka. Vipande vikaendelea kupasuka, saba kwa kumi, kama vile havikuona mashine.

Mwanao, dada, aliyekuwa kwenye meza ya mwisho kabisa karibu na mlango wa choo, akakumbuka meza yangu. Unajua amekulia chini yake, akiokota pini. Na sheria ya kwanza ya meza yangu unaijua: pamba mpya haikatwi kabla haijalowekwa. Ukiikata kavu, itajikunja ikishakuwa gauni, na mwenye gauni atakuja kukuvalisha wewe. Ikishalowekwa, itandaze uitazame inavyokauka. Pale unyevu unapobaki mwisho ndipo uzi ulipolala, na hapo ndipo unapopitisha mkasi. Basi yeye akajiuliza, na jiwe je? Akalitia kwenye beseni la maji ya uvuguvugu kutwa nzima, akalitoa, akaliweka juu ya kitambaa cheupe, akakaa kulikodolea macho. Unyevu ukaondoka huku, ukaondoka kule, mwisho ukabaki mstari mmoja mwembamba kama uzi wa kudarizia. Akaupitishia penseli. Akamwita rafiki yake wa meza ya pili, yule msichana mwenye alama shavuni tunayemwita Kidoti, amshikie waya, wakakata kwa kufuata mstari. Vipande kumi, dada. Vyote kumi vizima! Jiwe la pili, kumi. La tatu, kumi. Watu wa shahada wameshindwa pamoja na mashine yao ya ng'ambo, mtoto wa fundi cherehani ameshinda kwa beseni.

Kiwandani kwao kuna utaratibu. Anayegundua njia mpya anaipeleka kwa kamati, akiwa na matokeo ya mawe matano, si pungufu. Ikikubaliwa, njia inaitwa kwa jina lake na yeye anakuwa mkuu wa chumba cha kukatia. Mwanao alikuwa na matatu. Yakabaki mawili, na mgodi ukakauka: wiki sita haukuleta hata kokoto. Basi akasubiri. Siri ilikuwa ya watu watatu tu, yeye, Kidoti na mimi. Bosi wao, Mhandisi Mkuu, ambaye wafanyakazi wanamwita Bwana Tutaona kwa sababu hata ukimwomba ruhusa ya mazishi anakujibu tutaona, alishaona vipande havipasuki kwenye meza ya mwisho na akamwuliza kulikoni. Mwanao akamjibu ni bahati tu. Akasema tutaona.

Na tukaona kweli! Mawe mawili yalipofika hayakufika meza ya mwisho. Yaliishia ofisini kwa Bwana Tutaona, yeye na beseni lake jipya. Na matatu yale ya mwanao akayaandika kwenye fomu kama yake, kwamba yalikatwa chini ya maelekezo yake. Wiki mbili baadaye nafungua gazeti nikate karatasi ya kipimo cha kola, nakutana naye ukurasa wa kati, ameshika jiwe kama mama aliyeshika mtoto, na maandishi makubwa kwamba huyu ndiye mtaalamu aliyelitia jiwe adabu. Mwanao naye yumo pichani, usifikiri hayumo. Ni ule mkono ulioshika trei pembeni, picha imekatwa kwenye kiwiko. Nimeujua kwa kovu la pasi, lile alilopata akiwa na miaka tisa. Nimemzaa mtoto mzima, dada, wao wamechapisha mkono!

Alipokwenda kulalamika, kamati ilimwambia kwa upole, ule upole wa mtu anayekuonyesha mlango, kwamba Mhandisi ana fomu, tarehe na mawe matano, na yeye ana nini? Wakamwuliza kama anaweza kuthibitisha kwamba bosi aliipata njia hiyo kutoka kwake. Nani alimwambia? Kuna shahidi? Akarudi nyumbani, akakaa kitandani na viatu miguuni, akaanza kuhesabu kwa sauti nani alikuwa anajua. Akasema ni watu wawili tu. Mama yangu, akasema, namwamini kama kiganja changu. Basi ni Kidoti.

Kidoti alikuja hapa dukani siku ya pili yake, amekimbia mpaka pumzi zimemwishia, akaapa kwa kila kinachoapiwa kwamba hakufungua mdomo. Mwanao hakumpa hata kiti. Alimwambia kikulacho ki nguoni mwako, na kwamba asimwite tena rafiki, na kama alitaka meza ya mbele si angesema tu angemwachia. Yule msichana alilia mpaka alama ya shavuni ikawa haionekani. Aliniangalia mimi, mama mtu, labda nitasema neno. Nilikuwa nimekaa kwenye cherehani, nguo zimenizunguka pande zote. Sikuinua macho. Nikaendelea kukanyaga, na mshono nilioshona siku ile nimekuja kuufumua wote.

Wiki iliyofuata mwanao akafunga begi akaja kwako. Mimi nikavaa gauni langu la bluu nikaenda kiwandani na gazeti kwapani. Mlinzi wa getini akaniuliza mimi ni nani na nina miadi na nani. Nikamwambia mimi ni mama wa aliyeloweka jiwe. Akaniambia mama, hapa hatuna idara ya kufua. Walinzi wenzake wakacheka. Nikamwambia cheka, mwanangu, lakini sare yako imepinda bega la kushoto na aliyeishona alikuwa anasinzia. Nikakaa kwenye kiti chake. Wakaniambia mama ondoka, nikasema nimekaa. Wakasema tutaita askari, nikawaambia waiteni, na fundi wa sare naye aje tuonane. Mwisho Bwana Tutaona akateremka mwenyewe.

Dada, nilimpa vyake pale pale mbele ya watu. Nilimwuliza kama kwao hakuna beseni mpaka akachukue la mtoto wa mwenzake. Nilimwuliza shahada tatu zile alizipata au alizikuta mahali zimelowekwa. Watu walijaa kwenye ngazi, wengine wanaziba midomo kwa mafaili. Yeye alitabasamu tu, akasema haya ni mambo ya kitaalamu, binti yako kazi yake ilikuwa kushika trei. Kisha akanisogelea kama anayenisindikiza, akaninong'oneza maneno machache. Nikachukua gazeti langu, nikaondoka. Yule mlinzi alinifungulia geti bila mzaha, nadhani aliona uso wangu.

Aliniambia hivi: mama, ukitaka tuulizane nani alimwambia nani, mimi sina tatizo, lakini binti yako anajua?

Sasa kaa chini, kama ulikuwa umesimama.

Ni mimi. Si Kidoti. Ni mimi mdogo wako niliyemwambia.

Bwana Tutaona alikuja hapa dukani siku ya Jumanne, kabla mawe mawili hayajaja. Aliniletea koti lake la sherehe nilipunguze kiunoni, akasema sifa za mkono wangu zimefika mpaka ofisini, na kwamba sasa anaelewa mikono ya binti imetoka wapi. Unanijua. Nilivimba kama puto. Nilimvutia kiti kizuri, kile kisichocheza. Wakati nampima, kanyoosha mikono kama msalaba, akaniuliza kwa utani huyu binti yako ana dawa gani, mbona vipande vyake havivunjiki. Mwanao alikuwa ameniapisha, dada. Aliniambia mama, hata ukiota ndoto uiote kimya kimya mpaka mawe yaje. Na nikaapa, mkono kifuani.

Lakini fikiria na mimi. Mimi niliyeishia shule ya msingi, ambaye kwenye mikutano ya wazazi nilikuwa nakaa nyuma nisije nikaulizwa kwa Kiingereza, leo mtu mwenye shahada tatu amesimama kwenye duka langu hajui, na ninachokijua mimi ndicho anachokitafuta! Nilitaka ajue. Nilitaka ajue kwamba kimetoka kwenye meza hii, hapa, chini ya mkono huu. Nikamwambia dawa gani, bwana? Njoo nikuonyeshe dawa. Nikachukua kipande cha pamba, nikakiloweka, nikakitandaza, nikamwelekeza mpaka mstari wa mwisho wa unyevu. Nikamwambia na jiwe ni hivyo hivyo. Nilimweleza yote, dada, hata maji yawe ya uvuguvugu kiasi gani. Hakuna aliyenilazimisha. Hakunipa hata senti. Alisema kumbe, basi. Kumbe moja tu, nami nikaona nimevishwa taji. Koti alilovaa kwenye lile gazeti ndilo nililompunguzia mimi, na limemkaa vizuri, Mungu anisamehe, hilo nalo liliniuma.

Lakini kuna jambo hajui kwamba ninalo. Wakati namweleza alitaka ahakikishe ameelewa. Akavuta daftari langu la vipimo, lilikuwa wazi kwenye ukurasa wa vipimo vyake, akachukua penseli, akachora jiwe, akachora mstari, akaniuliza ni hivi? Nikasema ndiyo hivyo. Akaandika pembeni kwa mwandiko wake: loweka kwanza, kata unyevu unapobaki. Nadhani alijisahau, amezoea kuandika kila anachoambiwa na wadogo. Ukurasa ule una tarehe, una kifua chake, una tumbo lake ambalo aliniomba niliandike dogo kidogo nikakataa. Na kwenye fomu yake, mwanao aliiona, ameandika kwamba wazo lilimjia siku tisa baada ya tarehe hiyo, akiwa peke yake anatafakari.

Kwa hiyo ushahidi ambao kamati ilimwomba mwanao uko kwenye droo yangu tangu siku ya kwanza. Nimeukalia. Mara mbili nimeushika ukurasa ule nikitaka kuuchana, kwa sababu hauwezi kumwumbua yeye bila kuniumbua mimi. Nilijiambia mtoto atapata kazi nyingine, atasahau. Kisha ukaniandikia anaosha sahani safi. Na Jumamosi nimesikia Kidoti ameandika barua ya kuacha kazi, hawezi tena kupita mbele ya ile meza ya mwisho.

Jana nilikwenda kwao. Nilimkuta uani anaanika nguo. Nilimwambia yote nikiwa nimesimama, sikutaka kiti. Hakunitukana, heri angenitukana. Alikung'uta shuka akaianika, akachukua nyingine. Baadaye akasema mama, mimi nilikuangalia siku ile. Nikasema najua, mwanangu. Akasema atakuja kutoa ushahidi wa mawe matatu, na ile barua ya kuacha kazi ataisimamisha, ila hatatangulia kumsemesha mwanao. Aanze yeye aliyemfukuza. Nimeona ni haki yake.

Rufaa mwisho wake ni Alhamisi ya wiki ijayo, saa tatu asubuhi. Baada ya hapo njia inaandikwa jina la Bwana Tutaona moja kwa moja. Nimeulizia kwa karani wa kamati, akaniambia mimi naruhusiwa kuwa shahidi, lakini mlalamikaji ni lazima awepo mwenyewe na atie saini. Kwa hiyo, dada yangu, nakuomba mambo mawili.

La kwanza, msomee mwanao barua hii kwa sauti, yote, na hapo niliposema ni mimi usipapunguze. Usinitetee. Usimwambie mama yako alizidiwa na mapenzi ya mtoto, wala mama ni mama. Asikie kama nilivyoandika. Ningeweza kumwambia kwenye simu, lakini angekata, au mimi ningelia nikageuza maneno ionekane nimeonewa. Najijua.

La pili, Jumatano mpandishe basi la asubuhi. Kama hataki kulala kwangu, Kidoti ana kitanda cha ziada na mwanao anajua hivyo. Kama hataki kuniona, akae kiti cha mbele anipe mgongo, ilimradi awepo na atie saini. Hata asiponisemesha mwaka mzima, mwaka huo nimeushona mwenyewe, nitauvaa. Ila asimwachie yule mwizi jiwe lake kwa sababu ya hasira juu yangu. Hasira zangu na zake ni za nyumbani, tutazimaliza nyumbani au hatutazimaliza. Jiwe ni lake.

Nisalimie shemeji, nisalimie wanao mmoja mmoja kwa majina yao, na goti lako ulipumzishe, usilipandishe ngazi kila saa kwenda kuangalia kama mwanao amelala. Mimi nitakuwa mlangoni kwa kamati tangu saa mbili, na daftari mkononi. Mwambie wakiniita ndani nitajibu nilichoulizwa, hicho tu, kisha nitanyamaza.

Ni mimi mdogo wako,
Mama Cherehani